Nimepiga filamu fupi kuhusu muuza maji wa mtaani kwetu Kisumu. Naombeni macho yenu kabla sijaikata

#1 Mleta uzi

Hamjambo wadau. Uzi huu ni mrefu, nivumilieni. Jambo lenyewe limenikaa kifuani miezi minne sasa, na kila ninayemweleza hapa nyumbani ananisikiliza nusu kisha anashika simu yake.

Nimepiga filamu. Ina dakika 11 na sekunde 40. Nimeipiga kwa simu, peke yangu, bila muziki, bila mwigizaji hata mmoja, na maneno yanayosemwa ndani yake ukiyaandika hayajazi ukurasa wa daftari. Inamhusu mwanamume anayesukuma mkokoteni wa maji mtaani kwetu, tangu alfajiri anapopanga foleni kwenye kioski cha maji hadi usiku anapoufunga mkokoteni kwa mnyororo kwenye shina la mwembe. Basi. Hakuna anayekufa, hakuna mapenzi, hakuna siri inayofichuka mwishoni.

Nieleze kwanza kwa nini yeye.

Mimi ni mzaliwa wa Kaloleni, hapa hapa Kisumu. Wanaoujua mji huu wanajua kwamba kwetu Kaloleni Kiswahili si lugha ya shuleni wala ya sokoni tu, ni lugha tuliyonyonya nayo. Bibi yangu alizaliwa hapa na kaburi lake liko hapa. Lakini tangu darasa la kwanza naulizwa, "Kwenu ni wapi?" Nikijibu Kaloleni, mtu anatabasamu, anauliza tena, "Hapana, kwenu kwenyewe." Hilo neno "kwenyewe" nimetembea nalo maisha yangu yote. Kwa hiyo nilipoanza kumtazama mtu wa maji, sikumtazama kama mtu wa mbali nami.

Siku hizi naishi Nyalenda. Mfereji ukikauka tunanunua maji kwake. Mkokoteni wake unabeba mitungi kumi ya lita 20. Pigeni hesabu: kilo 200 za maji matupu, hujatia mbao, vyuma na gurudumu la gari kuukuu. Na vichochoro vya Nyalenda mnavijua, watu wawili wakikutana sharti mmoja ageuke ubavu. Mvua ikinyesha ule udongo wetu mweusi unashika gurudumu kama ugali unavyoshika mwiko. Mkokoteni unapokwama, anaubeba mtungi begani hadi jikoni kwako, anaumimina kwenye pipa, anapokea pesa, anatoka. Ameingia nyumba nyingi za mtaa huu kuliko pasta, kuliko daktari, kuliko chifu. Anajua nani ana pipa na nani ana ndoo mbili. Anajua nyumba ambayo mume amehama, kwa sababu maji ya kuoga yamepungua.

Na hakuna anayejua jina lake. Anaitwa Maji. "Maji, leta tatu." "Maji, kesho usinisahau." Nami nilimwita hivyo hivyo kwa muda mrefu.

Nilipomwomba ruhusa ya kumpiga picha aliniuliza maswali mawili tu: itachukua siku ngapi, na je, nitamzibia njia? Nikamwahidi kwamba sitamzibia njia, sitamwambia afanye lolote mara ya pili, na siku yoyote akibadili nia nafuta kila kitu mbele yake. Akasema sawa. Hakuuliza atalipwa nini, ingawa nilimlipa kwa kila siku niliyomchukulia picha, na nitaendelea kumshirikisha kama kuna kitakachopatikana.

Nilijiwekea masharti. Simu inasimama kwenye stendi, haimfuati. Anaingia kwenye picha, anapita, anatoka, na picha inabaki kidogo na kichochoro kitupu. Nimeiweka chini, usawa wa mkono wa mkokoteni, kwa sababu macho yake yako pale siku nzima. Nimefunga mwanga na fokasi ili simu isijiamulie. Nimepiga fremu 25 kwa sekunde, kwani umeme wetu ni wa hezi 50 na taa za vibandani hupepesa vibaya ukitumia 30. Picha ya jioni ilinichukua siku tano: hapa tuko karibu kabisa na ikweta, jua likishazama mwanga mzuri unakaa dakika ishirini hivi, kisha giza linaanguka kama pazia. Mchana wa alasiri upepo kutoka ziwani ulikuwa unanguruma kwenye maikrofoni, nikaivisha soksi ya mtoto.

Kitu ninachokipenda kuliko vyote ni vifuniko vya mitungi yake. Vile vya plastiki vilipotea zamani. Anaziba kwa magunzi ya mahindi. Gunzi jipya ni jekundu na linakwaruza, gunzi la mwezi mzima limevimba, limekuwa laini na jeupe kama kidole kilichokaa majini. Nimeyapiga yote kumi, moja moja, sekunde nne kila moja. Rafiki yangu anayehariri video za harusi anasema hapo watazamaji watalala.

Sasa shida zangu.

Kwanza, muziki. Kila aliyeiona amesema niweke kinanda taratibu ili watu "waguswe". Mimi nakataa. Muziki ukianza, mtazamaji anaambiwa huyu ni wa kuhurumiwa, anatoa machozi yake mawili, anaondoka akiwa mwepesi. Nataka aondoke akiwa na uzito.

Pili, swali la kwanza kutoka kwa kila mtu ni, "Anatoka wapi?" Sikuweka. Si kwamba nimesahau.

Tatu, mwisho. Picha ya mwisho anakula peke yake kibandani, chapati na madondo, amegeukia ukuta, dakika moja na sekunde ishirini nzima. Kwangu upweke wote umekaa pale, kwenye mgongo ule. Wenzangu wanasema ni ndefu mno.

Tena kuna picha moja ya mlangoni ambayo ni nzuri sana ila sauti ya mtoto imeingilia, anapiga kelele kutoka ndani. Nitaiondoa, kama kuna anayejua namna bora anifundishe.

Waliotaka kiungo niandikieni faraghani. Semeni bila kunionea haya.

#2 Mkaaji wa Manyatta

Omera, nimeitazama yote. Nitakuwa mkweli, dakika ya tatu nilitaka kuifunga. Halafu ikafika ile sehemu gurudumu linakwama na hakuna anayemsaidia, vijana wanne wamekaa pale kwenye boda zao wakimtazama, nikajikuta nimeshikilia simu kwa mikono miwili. Ile steji ya boda naijua. Mimi hukaa pale.

Muziki weka kidogo tu mwanzoni.

#3 Mwalimu wa Kakamega

Ndugu, usiweke muziki hata wa mwanzoni.

Njia unayopita ina waliokutangulia. Mwaka 1963 Ousmane Sembène wa Senegali alimfuata mwendesha mkokoteni wa farasi mjini Dakar kwa siku moja, filamu nzima dakika ishirini hivi. Watu wanapanda, wengine hawalipi, mwishoni anaingia upande wa mji ambao mikokoteni hairuhusiwi na polisi wanamnyang'anya. Sembène mwenyewe alikuwa amebeba mizigo bandarini Marseille, na alikwenda kusomea filamu Moscow akikaribia miaka 40. Alijua mgongo unaouma unavyotazamwa.

Ila nina jambo la kukuuliza. Yule mwenye mkokoteni wa Dakar tunasikia mawazo yake, sauti yake inatembea nasi kichwani. Miaka mitatu baadaye, 1966, alimfuata binti aliyepelekwa Ufaransa kufanya kazi za nyumbani. Mbele ya waajiri wake binti hasemi zaidi ya neno moja au mawili, lakini sisi tunamsikia moyoni mwake muda wote. Wewe wa kwako umemnyima sauti zote mbili, ya nje na ya ndani. Una hakika ni yeye aliye kimya, au ni wewe uliyemnyamazisha?

#4 Kijana wa Kondele

Swali rahisi: ni kabila gani? Huwezi kutengeneza filamu kuhusu mtu mgeni halafu usituambie ni mgeni kutoka wapi. Mtazamaji anabaki hewani. Na wa hapa watamjua tu, akisema "ahsante" pale mlangoni lafudhi inajitoa.

#5 Mleta uzi

Mwalimu, swali lako limenikosesha usingizi. Jibu nililo nalo leo ni hili: nilirekodi siku tisa, na ndani ya siku tisa aliulizwa maswali ya aina mbili tu, "ngapi?" na "mbona umechelewa?" Nimeyaacha yote. Ningemweka sauti ya ndani, ningekuwa nimeiandika mimi.

Kijana wa Kondele, nakuelewa, na sikasiriki. Lakini fikiria utafanya nini ukishalijua kabila lake. Utasema "ahaa". Ukishasema "ahaa" utakuwa umemweka kwenye rafu, na dakika nane zilizobaki hutamtazama tena yeye, utatazama rafu. Mimi nimewekwa kwenye rafu hiyo kila nilipotaja jina langu la Kiislamu ofisini mwa mtu. Najua mlango unavyosikika ukijifunga polepole.

#6 Muuguzi wa Nakuru

Sijachangia uzi miaka mingi. Huu umenitoa.

Mimi naunga mkono kutotaja. Nakuru hapa swali la "unatoka wapi" lina ladha nyingine. Januari 2008 nilikuwa msichana wa shule. Watu walisimamishwa barabarani, wakaulizwa hilo swali, na jibu ndilo lililoamua kama mtu atafika nyumbani. Tume ya Waki, iliyochunguza vurugu zile za baada ya uchaguzi, ilihesabu watu 1,133 waliokufa nchi nzima. Kisumu nako mnakumbuka nani walikimbia na nani walifika na magodoro vichwani. Tangu hapo mama yangu akiulizwa anatoka wapi hujibu jina la mtaa tunaoishi, na hujibu haraka, kama mtu anayeondoa mkono kwenye sufuria ya moto.

La pili ni la kazini. Shirika la Afya Duniani lilitoa ripoti Juni 2025 likisema mtu mmoja kati ya sita duniani anasumbuliwa na upweke, na kwamba unahusishwa na vifo zaidi ya 871,000 kwa mwaka. Lakini miaka yote niliyokaa wodini sijawahi kumsikia mgonjwa akisema "mimi ni mpweke". Husema kifua kinabana. Husema hapati usingizi. Kuna mzee mmoja alikuwa akija kupimwa presha kila wiki, na presha yake ilikuwa nzuri kuliko yangu. Nilikuja kugundua kwamba alichokuwa anakifuata ni ile dakika ambayo mtu anamshika mkono kumfunga kile kitambaa.

Ndiyo maana ile picha ya magunzi usiikate. Kuna mkono unaoshika kila gunzi.

#7 Mzee wa Vihiga

Vijana, kwetu Uluhyani mtu aliyekaribishwa kwenye ardhi ya ukoo mwingine huitwa omumenya. Anaweza kukaa, akalima, akaoa, akazaa, watoto wake wakazaa. Bado ni omumenya. Siku kukiwa na ugomvi wa mpaka ndipo anakumbushwa. Ardhi yetu Vihiga ni finyu, watu ni wengi, kwa hiyo ugomvi wa mpaka haukosekani.

Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Nimekuwa nikiisikia kama methali ya uvivu. Baada ya kuona filamu hii nimeifikiria upya. Huyu amepewa jembe. Miaka amelima nalo. Mbona hajapewa kiti?

#8 Kijana wa Kondele

Mzee, shikamoo. Kwa Dholuo tunasema jadak. Babu yangu alikuwa jadak kwa watu wa mama yake, hadi leo tukienda mazishini kule tunakaa upande. Sikuwa nimeunganisha mambo haya mawili hadi nilipokusoma.

Naondoa swali langu la kabila.

#9 Fundi wa sauti

Nitaingia kwenye kazi.

Kuhusu sauti ya mtoto: usijaribu kuifuta kwa programu, itaacha tundu linalosikika kama maji sikioni. Rudi mlango ule ule saa ile ile, simama, rekodi dakika moja ya ukimya wa pale pasipo mtu kusema. Ukimya wa Nyalenda si ukimya, kuna redio ya jirani, kuku, boda za mbali. Uuchukue huo uufunike juu ya mtoto.

Kuhusu gurudumu: una hazina na umeizika. Lina mlio wake, kila likizunguka linalia mara moja, kii, halafu linanyamaza. Hicho ndicho kinanda chako. Lipandishe. Acha lisikike kabla hajaingia kwenye picha na lisikike baada ya kutoka. Watu wa mtaa humjua kwa mlio huo, sivyo?

Na ukitaka kuionyesha hadharani, pitia kwanza Bodi ya Uainishaji wa Filamu. Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, inataka leseni ya kupiga na filamu iainishwe kabla ya watu kukaa mbele ya skrini. Usisubiri mpaka viti vimepangwa.

#10 Mama wa Nyalenda

Mwanangu mleta uzi, mimi ni jirani yako, na nadhani mlango wangu umo kwenye filamu yako, ule wa mabati ya kijani.

Umetupaka matope. Ukiitazama hiyo filamu utadhani mtaa mzima una roho ya jiwe. Mimi humpa chai. Mara ya kwanza nilimwekea kikombe na mkate, akasema ahsante mama, akanywa amesimama, funda tatu, akaenda. Mara ya pili hakunywa. Mara ya tatu aliniambia ana safari nne kabla jua halijawa kali. Nikaacha. Sasa kosa langu ni lipi? Mtu hawezi kukaribishwa kwa nguvu.

Nawe je? Umemfuata siku tisa na simu. Amewahi kukaa kwenye kiti chako?

#11 Mleta uzi

Mama, nimeusoma ujumbe wako mara tatu kabla ya kujibu. Hapana. Hajawahi. Alinimiminia maji kwa miaka miwili, nikampiga picha siku tisa, nikamtazama kwenye skrini usiku kucha kwa miezi minne, na hajawahi kukaa kwenye kiti changu. Mlango wa kijani ni wako kweli, naomba radhi kwamba sikuja kukuuliza wewe pia.

Sitajitetea. Jumapili hafanyi safari za mchana. Nitamwomba aje aitazame, jambo ambalo lilipaswa kuwa la kwanza, kabla yenu wote.

#12 Mkaaji wa Manyatta

Tunasubiri. Mimi juzi gurudumu lake lilikwama tena. Tulishuka wawili.

#13 Mleta uzi

Wadau, alikuja. Nawasimulia kama ilivyokuwa.

Alifika saa tisa, amevaa shati lililopigwa pasi na viatu vya ngozi. Nilikuwa sijawahi kumwona na viatu vya ngozi. Alibisha hodi mlango ambao ameupita mara mia tatu bila kubisha, kwa sababu siku za maji tunauacha wazi. Alipoingia akaangalia kwanza pipa, kisha akacheka kidogo, akakaa pale nilipomwonyesha. Mke wangu alikuwa amepika samaki na brauni ugali, ule wa mtama. Alikula. Alikula taratibu, akaomba pilipili.

Kisha nikaweka simu mezani, nikaiegemeza kwenye kopo la sukari, tukatazama.

Dakika za mwanzo hakusema kitu. Kwenye magunzi alitikisa kichwa, akanyoosha kidole, akasema, "Hili la saba linavuja." Ndilo alilosema. Basi nikajua kwamba anaitazama kwa macho ya mwenye mali.

Ilipofika ile picha ya kibandani, mgongo umegeukia ukuta, mimi nikajitayarisha. Nilikuwa naona aibu. Nikamwambia, "Hapa nisamehe, nilitaka watu waone upweke." Akanitazama kama mtu aliyeulizwa njia ya mahali ambapo hapapo. Akasema, "Hapa? Hapa nimepumzika. Hii ndiyo saa yangu. Nimegeukia ukuta ili asinione mtu wa kuniita." Akaomba tuirudie. Akaitazama tena akitabasamu. Alikuwa anakumbuka zile chapati.

Kwa hiyo dakika moja na sekunde ishirini nilizozipigania kwenu, ambazo nilidhani ni moyo wa filamu, ni mtu ameshiba na ana amani.

Nikamuuliza, basi ni wapi? Hakujibu mara moja. Akasogeza picha nyuma mwenyewe kwa kidole, polepole, kidole chenyewe kimekauka hata skrini haikukisikia vizuri mara ya kwanza. Akasimamisha kwenye mlango. Ule ule wenye kelele za mtoto.

Nilikuwa nimeisikia sauti ile kama uchafu. Sikuwa nimesikia inasema nini. Anabisha hodi, na kutoka ndani mtoto anapaza sauti, "Mamaa, maji imekuja!"

Akasema, "Hapo ndipo."

Nikanyamaza. Akaendelea, na haya ni maneno yake kadiri ninavyoweza kuyakumbuka: mtoto hana kosa, mtoto husema anayoyasikia. Lakini yeye ana mtoto wa umri ule huko kwao, na kila anaposikia "maji imekuja" hufikiri, huyu wangu naye siku nikirudi atasema nini mlangoni. Haji mtu wa maji. Hata mwenye maji haji. Yanakuja maji.

Mama wa Nyalenda, kuhusu chai nilimuuliza. Alisema chai yako ni tamu na ana haya ya kukwambia kwamba akikaa, misuli ya miguu inapoa, na kuinuka tena kusukuma kilo zile ni kama kuanza siku upya. Jumapili ni tofauti. Jumapili anaweza kukaa.

#14 Mwalimu wa Kakamega

Basi amejibu swali langu, na amelijibu yeye.

#15 Muuguzi wa Nakuru

Nimesoma nikiwa zamu ya usiku. Tuna kawaida ya kusema "kitanda cha nne kimeomba maji". Nimeenda kuangalia faili, nimesoma jina lake, nimekwenda kumwamsha kwa dawa ya saa nane nikalitamka. Nimeona alivyogeuka.

#16 Mama wa Nyalenda

Mtoto yule ni mjukuu wangu. Mlango ni wangu. Usiondoe sauti yake.

Mwambie Jumapili ijayo ni kwangu. Jina lake aniambie mwenyewe akija, wewe usiniandikie hapa.

#17 Fundi wa sauti

Sahau nilichokwambia kuhusu kufunika. Ile sauti iko mbali na simu, itakuwa hafifu. Usiipandishe kwa nguvu, itapasuka. Badala yake, shusha kila kitu kilicho kabla yake. Gurudumu likome nje ya lango, sekunde mbili za ua mtupu, kisha hodi, kisha mtoto. Masikio ya watu yataifuata yenyewe.

#18 Mleta uzi

Nimekesha nikiikata. Picha ya kibandani ipo bado, lakini nimeihamisha katikati na kuifupisha hadi sekunde 40, kwa sababu ni saa yake ya raha na raha haihitaji kukodolewa macho. Magunzi yote kumi yapo. La saba linavuja kweli, sasa ninaliona kila mara. Muziki hakuna. Mahali anakotoka hapatajwi, na safari hii si mimi niliyeamua, nilimuuliza, akasema waache.

Jina lake nilimuuliza akiwa anavaa viatu mlangoni. Aliniambia majina yote matatu, la kwanza, la baba na la babu, akasimama kidogo kuhakikisha nimeyashika. Nikayarudia. Alinisahihisha la babu.

Ina dakika 9 na sekunde 5. Inaishia mlangoni: hodi, mtoto anapaza sauti, halafu mlango wa kijani unafunguka na kabla hatujaona nani amefungua, nimekata.

#19 Kijana wa Kondele

Tuma kiungo kipya.